Uongo Niliomwambia Tamari

Ninyi mnaotaka kazi ya kupiga picha za sinema huniuliza kwanza habari za kamera. Mimi ningewauliza kwanza kama mnaweza kukaa. Kukaa tu, juu ya gogo au pipa tupu, tangu asubuhi mpaka jua la utosi, bila kumwambia mtu yeyote afanye lolote. Wengi niliowafundisha walishindwa hapo. Nusu saa haijaisha, mtu anapiga makofi: "Mama, hebu pita tena! Mzee, cheka kidogo!" Mtu akicheka kwa kuambiwa, umepata meno yake. Yeye mwenyewe hujampata.

Hayo nilifundishwa na Bwana Kaitano, Mgoa aliyekuwa na duka la picha pale Mbeya kabla ofisi ya filamu ya serikali haijamwajiri. Mimi nilikuwa nimerudi kutoka vitani Burma, najua kuendesha gari na kutengeneza jenereta, basi akanichukua niwe dereva wa gari la sinema. Kamera alinipa baadaye, na kwa sababu ambayo nikiwaambia watu hucheka. Siku moja gari lilituharibikia njiani. Yeye akaenda kutafuta msaada, na aliporudi akanikuta nimechuchumaa kwenye majani nawatazama siafu wakihama. Nilikuwa nimewatazama saa nzima.

"Festo," akasema, "wewe huchoki kutazama. Tangu kesho utabeba kamera."

Kamera yenyewe ilikuwa ya kujazwa kwa ufunguo, kama saa ya ukutani. Ukiijaza mpaka mwisho inakimbia kwa muda wa kusali Baba Yetu mara moja, ukisali bila haraka. Hivyo ndivyo nilivyopima. Nikiwa nimefumba jicho moja, midomo inacheza, nafika "utuokoe na yule mwovu" najua springi ya kamera inalegea, nijiandae kujaza tena. Watu wa Vwawa walidhani mimi ni mcha Mungu kupita kiasi. Mchungaji mmoja alinisifu kanisani.

Na makosa nimefanya, msidhani. Chifu mmoja alikuja kufungua kisima, na ngoma na mavazi ya ngozi ya chui, nami nikapiga picha mikanda mitatu mizima kifuniko cha lenzi kikiwa mahali pake. Kamera ile ulichungulia kwenye kitundu cha pembeni, hivyo unaona kila kitu wakati kamera yenyewe haioni chochote. Mikanda ikapelekwa Uingereza kwa meli kusafishwa, tukasubiri miezi. Ikarudi mieusi. Bwana Kaitano aliitazama yote kwenye mashine mpaka mwisho, ametulia kama yuko kwenye misa. Kisha akaniambia, "Hongera. Umepiga picha giza la Misri." Hakunikaripia zaidi ya hapo. Tangu siku ile, kabla ya kujaza ufunguo, nagusa lenzi kwa kidole kidogo. Mpaka leo nikishika hata redio nagusa mbele yake kwanza.

Lakini kosa la kifuniko ni la mkono. Kuna kosa jingine ambalo si la mkono, na hilo ndilo lililonifanya niwaite leo.

Tunduma ya siku zile msiifikirie kama hii mnayoiona. Ilikuwa barabara moja ya vumbi jekundu, kizuizi cha mpaka, maduka machache ya mabati, na malori. Malori ndiyo yaliyokuwa mji. Yalishusha na kupakia wanaume waliokuwa wakienda kuchimba shaba upande wa pili, Rodeshia ya Kaskazini, na wachache waliokuwa wakirudi. Ofisi ilitaka filamu ya mji wa mpakani. Bwana Kaitano akaniambia, "Hakuna mtu wa Tunduma pale Tunduma. Kila mmoja ametoka mahali, na kila mmoja ana mahali anapopakumbuka. Piga hiyo."

"Nitapigaje kumbukumbu, Bwana?"

"Kaa. Utaiona ikipita usoni."

Kamera yetu haikuwa na masikio, filamu zilikuwa bubu. Kwa hiyo alinipa daftari niandike kila nilichosikia: nani kasema nini, wapi, siku gani. Tulipoonyesha filamu vijijini tuliandika pia maneno ya watazamaji, maana ofisi ilitaka kujua watu wamepokeaje. Kuandika kulinichosha kuliko kubeba kamera. Nilikuwa sijui thamani yake.

Siku tatu za kwanza pale kituo cha malori niliweka kamera juu ya miguu yake bila mkanda ndani. Hiyo ni mbinu, ishikeni. Siku ya kwanza mji mzima ulikuja kuchungulia lenzi. Siku ya pili wakaja nusu. Siku ya tatu mbwa alikuja akakojolea mguu mmoja wa kamera, hakuna aliyecheka, nikajua wamenizoea. Ndipo nikatia mkanda.

Mbele yangu alikaa mwanamke aliyeuza uji wa ulezi na mihogo ya kuchemsha. Aliitwa Tamari. Alikuwa na umri wa kama miaka ishirini na mitano, na binti yake mdogo, Neema, wa miaka mitano hivi. Wasafiri wa upande wa pili walimsalimu "Mwapoleni," naye akawaitikia vizuri kabisa, lakini mtoto alipojikwaa alimwita kwa Kinyiha, na Kinyiha chake kilikuwa cha Mbozi, kama changu. Nilikunywa uji wake kila asubuhi. Tulikuwa tumezoeana. Ila kila nilipoinua kamera, alivuta pindo la kitenge akafunika uso.

Siku ya nne akaniuliza, "Kaka, hizo picha zinaonyeshwa wapi?"

Nilijua zinaonyeshwa wapi. Ratiba ilikuwa mfukoni mwangu. Zingeenda Vwawa, Itaka, Itumba, Ndalambo, kila mahali gari letu lilipofika. Lakini nilikuwa nimeutazama uso ule siku nne. Alikuwa na namna ya kuacha kukoroga chungu, mwiko umesimama, akatazama upande malori ya Mbozi yanakotokea. Ndicho kitu Bwana Kaitano alichonituma. Nilikitaka kama mlevi anavyotaka pombe.

"Mbali, dada," nikamwambia. "Dar es Salaam. Na Ulaya."

"Huku kwetu hapana?"

"Huku kwetu nani ana mashine?"

Akacheka kidogo, akaachia pindo. Nikampiga picha akipuliza moto, akimmiminia uji msafiri, akimfuta mtoto kamasi, kisha ule mwiko ukasimama na macho yakaenda barabarani. Nilisali Baba Yetu mara mbili. Ilikuwa picha nzuri kuliko zote nilizopata kupiga, kabla na baada.

Miezi kadhaa ikapita, filamu ikarudi kutoka Uingereza, tukaanza safari ya kuionyesha. Nilikumbuka maneno yangu kwa Tamari mara moja tu, tulipokuwa tunapakia gari. Nikajiambia, mji ni mkubwa, watu ni wengi, nani atamtambua?

Itaka tulitandika shuka jeupe kwenye ukuta wa ghala la kahawa. Jua lilipozama watu walikuwa wamejaa uwanja mzima, wazee kwenye viti, wengine chini. Bwana Kaitano alishika mashine, mimi nikashika kipaza sauti kueleza kwa Kiswahili na Kinyiha. Ukafika mwiko. Nikasema, "Huyu ni mama muuza uji wa Tunduma," na mbele kabisa mwanamke akapiga ukelele.

Alikuwa mama mwembamba, wa makamo. Alinyanyuka akaenda mpaka kwenye shuka, kivuli chake kikafunika nusu ya picha, akaweka viganja vyote viwili juu ya kitambaa. Wakati huo picha ilikuwa imeshahama. Alikuwa anapapasa gurudumu la lori.

"Tamari! Mwanangu Tamari!"

Watu wakaanza kulia na kupiga kelele. Kijana aliyesimama karibu yangu akanieleza kwa haraka: mama yule ni Elina. Binti yake aliolewa hapo hapo Itaka, mumewe akafia migodini upande wa pili, na kabla matanga hayajapoa, shemeji yake, Yohana, akatangaza kuwa atamrithi. Asubuhi moja Tamari akaenda mtoni kuteka maji. Yohana ndiye aliyekuta mtungi na nguo kando ya mto, akaja kutangaza kwamba mto umemchukua. Wakamlilia bila maiti. Miaka sita sasa.

Elina aligeuka, mwanga wa mashine umempiga usoni. "Mrudishe," akasema. "Baba, nakuomba, mrudishe."

Sheria ilikuwa kutorudisha mkanda katikati ya onyesho. Bwana Kaitano alizima, akaurudisha nyuma kwa mkono, akauonyesha tena. Kisha tena. Mara tatu Tamari alisimamisha mwiko mbele ya mama yake.

Ilikuwa katika mara ya pili, mimi nikiwa nimeinama na penseli yangu kwa sababu sikujua mahali pengine pa kuweka macho, niliposikia mwanamume mmoja nyuma yangu akimwambia mwenzake, polepole: "Kumbe bado yuko Tunduma." Niligeuka. Alivaa kofia ya sufu. Nikaandika kama nilivyozoea: Mwanamume, kofia ya sufu, "Kumbe bado yuko Tunduma." Baadaye, watu walipomzunguka na kumwuliza itakuwaje, nikajua ndiye Yohana. Alikuwa mzee wa kanisa. Akasema kwa sauti ya wote kusikia kwamba yule ni mke wa nyumba yao, mtoto ni wa damu yao, na kesho anawafuata wote wawili.

Sikula chakula. Nikamweleza Bwana Kaitano yote, pamoja na nilichomwambia Tamari. Alifuta lenzi ya mashine kwa muda mrefu.

"Ulimdanganya ili upate picha."

"Ndiyo, Bwana."

"Ningependa kusema mimi nisingefanya hivyo," akasema. Halafu akasema, "Ofisi haina ruhusa kwa shida ya namna hii. Lakini mkanda wa jenereta umechakaa. Nenda Tunduma ukanunue mwingine."

Mkanda wa jenereta ulikuwa mpya. Alfajiri nikabeba kamera na daftari kwa mazoea, nikatembea mpaka barabara kuu, nikapata lori la mahindi. Yohana alikuwa na baiskeli, na ilimbidi kwanza akusanye ndugu wa kwenda naye. Nilimtangulia kwa nusu siku.

Tamari alikuwa anaosha vikombe. Sikujua nianzie wapi, nikaanzia mwisho. "Shemeji yako yuko njiani. Picha imeonyeshwa Itaka."

Alikaa chini kwenye majivu. Alinitazama, na mimi niliyejisifia kazi ya kutazama sikuweza kurudisha macho.

"Ulisema Ulaya."

"Nilisema uongo."

"Kwa nini?"

"Nilitaka picha."

Nikamwambia akimbie, avuke mpaka, ningemtafutia lori. Aliniacha nikamaliza. Kisha akauliza kitu ambacho sikukitegemea.

"Mama alikuwepo?"

"Alikuwepo."

"Alifanya nini?"

Nikamweleza: ukelele, viganja kwenye shuka, gurudumu la lori, ile "mrudishe," na picha ilivyoonyeshwa mara tatu. Alilia bila sauti. Neema alikuja akamshika bega, akaniangalia mimi kwa ukali kama mtu mzima.

"Sikimbii tena," Tamari akasema. "Nikivuka leo, mama atanilia mara ya pili. Mwache aje."

Yohana alifika jioni na ndugu wawili. Hapakuwa na ngumi. Wauza duka na madereva walisimama karibu na Tamari, na jumbe wa pale, mkuu wa mji, akasema shauri litasikilizwa kesho kutwa, mbele ya wazee, na mtoto asiguswe mpaka hapo.

Asubuhi ya baraza, lililokaa nje ya nyumba ya jumbe, tulisikia mngurumo, na gari la sinema la serikali likaingia kutoka upande wa Mbozi, siku ambayo lilipaswa kuwa Itumba. Bwana Kaitano alikuwa kwenye usukani. Kando yake alikaa Elina, ameshika mlango kwa mikono miwili. Sitawasimulia walivyokutana, mama na mwana. Nilikuwa na kamera begani, nami niliwapa mgongo.

Yohana alizungumza vizuri. Ndugu yake alioa kwa taratibu zote, alisema. Mke akakimbia na mimba ya nyumba yao, akawaacha ndugu wakilia kwa uongo. Yeye alidhani amekufa mpaka alipoona picha. "Nilishukuru Mungu," akasema, "nikaja kumchukua kwa upendo." Wazee wakatikisa vichwa kumkubalia. Nilimwona Tamari anamvuta Neema magotini pake.

Kabla baraza halijaanza Bwana Kaitano alikuwa amenionya. Daftari lilikuwa mali ya ofisi, na mtumishi wa ofisi hakuruhusiwa kuingia katika mashauri ya wenyeji. "Ukisimama," aliniambia, "kamera itaondoka mikononi mwako. Nami sitaweza kukutetea, kwa sababu nitakuwa najitetea mwenyewe."

Nikasimama. Nilianza na langu, kwamba nilimdanganya mwanamke huyu, na kila kilichompata wiki ile kilitoka kinywani mwangu. Mzee mmoja akauliza, "Na hilo linatusaidia nini?"

"Hilo halisaidii, baba. Linalosaidia ni hili." Nikafungua daftari, nikasoma mstari wangu wa Itaka.

Yohana akasema hakutamka maneno hayo. Nikampa jumbe daftari. Juu ya mstari ule palikuwa na wazee wa Itaka niliowanukuu wakisifu malori, na maneno ya Elina, yote kwa penseli moja, na tarehe. Jumbe alisoma kimya, midomo ikisogea. Kisha akamgeukia Yohana.

"Mtu akimwona aliyekufa maji, husema, kumbe yu hai. Wewe umesema, bado yuko Tunduma. 'Bado' hiyo uliitoa wapi?"

Jumbe akauliza tena. Aliyejibu ni ndugu wa Yohana, aliyekaa naye benchi moja. Alikuwa mtu mzima, na nadhani lilikuwa limemkaa rohoni miaka yote. Alisema dereva mmoja aliwaletea habari ndani ya mwaka ule ule wa kwanza. Yohana alikuja Tunduma, akamwona kwa mbali, akarudi, akawakataza kusema. Kwa sababu yeye ndiye aliyetangaza kifo. Na kwa sababu mke aliyezama mtoni hamtii mtu aibu, ila mke aliyekimbia anaulizwa amekimbia nini.

Elina hakupaza sauti. Alisema, "Miaka mitano umekuja kwangu kila mwaka siku ya kumwombea. Umekula chakula changu. Umeniongoza sala."

Wazee walikaa kando kidogo tu. Walisema Yohana amepoteza haki yoyote juu ya Tamari. Mtoto ni wa ukoo wa baba yake, hilo hawakuweza kulibadilisha, lakini atalelewa na mama yake kwa bibi yake Itaka, na ukoo utamwona akiwa huko. Mashamba ya kahawa ya marehemu, ambayo Yohana alikuwa akiyalima, yatunzwe kwa ajili ya Neema. Haikuwa haki yote. Tamari alikuwa na mji wake, kazi yake, wateja waliomjua kwa jina; ilimbidi aviache arudi mahali alipopakimbia, apishane kisimani na watu waliomzika. Sikuweza kujidanganya kwamba nimerekebisha nilichoharibu.

Ofisi iliniondoa kwenye kamera mwaka mzima. Nilisafisha mikanda stoo pale Mbeya kwa kitambaa na dawa inayochoma macho. Bwana Kaitano alipewa barua kali, akaitumia kufungia sabuni. Nilipokuwa stoo nilipata nakala yetu ya filamu ya Tunduma, nikaikata ile picha ya uji kwa mkasi, nikaunganisha. Hakuna aliyegundua. Filamu ilionekana njema tu.

Niliporudishiwa kamera nilikuwa na desturi moja mpya. Mtu akiniuliza picha itaonyeshwa wapi, nilimwambia, "Sijui itafika wapi. Inaweza kufika kwenu." Wengi walifunika uso. Nimekosa picha nyingi sana hivyo, vijana wangu, nyingine nzuri mno, na bado naziona.

Lakini nilikuwa nawaambia habari za siku ile ya baraza. Baada ya watu kutawanyika, Bwana Kaitano alirudisha gari nyuma mpaka kibandani kwa Tamari ili awapeleke Itaka. Vitu vyake vilikuwa vichache: masufuria, vikombe vimefungwa kwenye kitenge, jiwe la kusagia, na benchi refu la wateja wake, la mti mzito. Elina alikuwa ameshaketi ndani na Neema. Mwanga ulikuwa ule wa saa kumi, wa pembeni, ambao mpiga picha huusubiri wiki nzima. Kamera niliiweka chini ya kiti cha dereva.

Nikamwendea Tamari. Nilikuwa nimetunga maneno ya kumwomba radhi, marefu, yenye mistari ya Biblia. Nilipofungua kinywa alininyooshea kiganja ninyamaze.

"Sijakusamehe, kaka," akasema. Akainama, akashika ncha moja ya benchi. "Shika huko, tubebe."